Mlango Uliofungwa Alhamisi

Neno lenyewe nililipata kwa msusi, nikiwa kwenye kigoda chake, nusu nimesukwa nusu bado. Mtu aliyesukwa nusu hawezi kuondoka, na msusi wetu analijua hilo vizuri, ndiyo maana umbea wake mkubwa huuweka hadi afike katikati ya kichwa.

"Dada," akaniambia, "ni kweli yule fundi Mluvi anamtaka Kidoti wako?"

"Nani kakwambia?"

"Mtaa mzima una macho. Mimi simo. Ila ningekuwa wewe, mama yake, ningejiuliza jambo moja tu."

"Jambo gani?"

"Kidoti akiota mvi, itakuwaje?"

Nikacheka. "Itakuwaje? Atakuja kwako umpake rangi."

"Cheka tu. Unamjua mama wa vifungo, mwenye duka pale kwenye kona? Aliolewa na Mluvi miaka kumi na tisa. Kumi na tisa, dada! Asubuhi moja anachana nywele, mume akaona unywele mmoja mweupe hapa, juu ya sikio. Akautazama. Akanyanyuka, akachukua mfuko wake, akaondoka. Chai yake iko mezani inatoa moshi! Na si huyo tu. Ndivyo walivyo. Mvi ya kwanza, Mluvi anahama."

Nilitoka pale nywele zimekaa vizuri na moyo umekaa vibaya. Nilijaribu kulitupa lile neno. Nililitupa nikiwa nakata kitambaa, likarudi nikiwa napiga pasi. Nililitupa sokoni, nikalikuta nyumbani limenitangulia.

Kwa ambaye hajawahi kukaa nao jirani, niseme kwamba Waluvi ni watu kama sisi kwa kula, kulala na kuumwa jino. Tofauti yao ni masikio, ambayo ni marefu na yamechongoka juu kama jani, na umri. Mluvi wa miaka sabini ni kijana wa kutafuta mchumba. Wa miaka mia mbili ndiyo kwanza anaanza kulalamikia mgongo. Kwa hiyo hawana haraka na lolote. Ukimpa Mluvi kazi ya saa moja ataimaliza jioni, lakini haitaharibika tena mpaka wewe ufe. Wengi ni mafundi. Huyu wetu alikuwa fundi wa cherehani, na mtaani walimwita Polepole.

Siku ya kwanza alipokuja, nilikuwa nimekaa sebuleni, ambako ndiko nashonea, mlango wa barabarani uko wazi. Nikainua macho nikaona mtu mrefu amesimama katikati ya nyumba yangu na mkoba wa vifaa.

"We! Kwenu hakuna hodi?"

"Mlango ulikuwa wazi, mama."

"Wazi kwa ajili ya hewa!"

"Basi nimeingia na hewa."

Kidoti, mwanangu, alikuwa anatia vishikizo upande wa pili wa meza. Alicheka mpaka sindano ikamchoma. Nadhani mambo yote yalianzia kwenye kile kicheko, maana yule fundi aligeuka kumtazama aliyecheka, na kwa Mluvi kumtazama mtu si jambo la kupepesa macho na kuendelea. Alitazama kama mtu anayesoma barua.

"Una miaka mingapi?" nikamwuliza, ili nimtoe kwenye hiyo barua.

"Sabini na moja."

Mimi nina arobaini na tisa. Sasa nani amwamkie nani? "Haya, shikamoo baba," nikamwambia kwa kejeli. Akaona haya hadi ncha za masikio zikawa nyekundu, na hakuthubutu kuitikia. Hapo nikampenda kidogo, nakiri.

Akaifungua cherehani. Kila skrubu aliyoitoa alimpa Kidoti. "Nishikie hii." Akamwekea kiganjani. "Na hii." Skrubu saba, moja moja. Cherehani yangu haina skrubu yoyote inayohitaji kushikwa na mtu, kibakuli kipo. Kisha wakati wa kurudishia, akawa anazichukua moja moja kutoka kwenye kile kiganja, taratibu, na Kidoti hakutikisa mkono. Mimi nilimaliza kola mbili na pindo la sketi kwa sindano ya mkono. Nilikuwa nimekaa palepale, nikajiona mgeni nyumbani kwangu.

Baada ya hapo cherehani yetu ikawa mgonjwa wa kudumu. Mara mkanda umelegea, mara sindano inagonga, mara inaruka nyuzi. Miezi sita, fundi amekuja mara tisa. Mara ya tisa nikamkuta Kidoti ameinama chini ya meza na ncha ya mkasi, analegeza kitu.

"Unatafuta nini huko?"

"Nimedondosha kifungo."

"Kifungo kimeingia ndani ya cherehani na kujificha kwenye skrubu?"

Akatoka chini ya meza, amejifuta magoti, amejikausha. Mwanangu ana kidoti cheusi chini ya jicho, na akidanganya kinapanda juu kidogo. "Mama," akasema, "usimwambie."

"Nisimwambie nani? Anajua! Mluvi anatengeneza kitu hakiharibiki tena. Hiki chetu kinaharibika kila wiki ya tatu. Unadhani hajajiuliza?"

"Alijiuliza."

"Akasemaje?"

"Akasema nilegeze ile ya kushoto, ile ya kulia itaumiza mashine."

Tulicheka mimi na mwanangu siku hiyo mpaka tukakaa chini. Nasema haya ili ijulikane kwamba sikumchukia yule kijana. Hofu haihitaji chuki.

Basi Jumatano ile, siku ileile niliyotoka kwa msusi, Kidoti alikuwa ananisubiri. Ameshapiga pasi magauni yote ya wateja, ameshafagia. Nikajua kuna jambo.

"Mama, kesho asubuhi atakuja bila mkoba."

"Nani?"

"Mama!"

"Haya, atakuja bila mkoba. Ameuuza?"

"Kwao mwanamume akija kwenu mikono mitupu, hajaja kwa kazi. Amekuja kwa ajili ya mtu. Anaingia, anakaa, na mwenye nyumba anajua. Ndivyo wanavyoposa."

Nilikuwa nimeshika kikombe, nikakiweka. "Umempa jibu?"

"Jibu langu analo tangu zile skrubu."

"Kidoti, una miaka ishirini na sita. Ukifika arobaini, yeye atakuwa vilevile alivyo leo."

"Najua."

"Ukifika sitini watasema ni mwanao."

"Na nikifika themanini watasema ni mjukuu wangu, atanisaidia kubeba kikapu. Mama, haya yote tumeshayaongea mimi na yeye."

"Na mvi mmeziongea?"

Akanitazama. "Mvi zimefanya nini?"

Nikamwambia. Yote, hadi moshi wa chai mezani. Ile sauti yake ya mzaha ikakauka.

"Nani kakwambia?"

"Haijalishi."

"Ni msusi."

"Hata kama ni msusi! Mama wa vifungo yupo au hayupo? Ana mume au hana?"

"Sijui kilichompata mama wa vifungo. Ninamjua huyu." Akakunja kitambaa mara mbili, akakikunjua. "Baba alituacha nina miaka minne, na hakuona mvi yoyote. Alikufa tu. Hukusema usingeolewa naye."

"Kufa si kuacha."

"Kwa aliyebaki kuna tofauti gani?"

Mama akibanwa husema jambo lolote. Nikasema, "Kesho hakai mtu kwenye kiti changu mpaka nimhoji." Akaniitikia, "Mhoji, Mama. Mhoji tu, mimi sitakuzuia." Akaenda zake kulala, na jua halijazama sawasawa.

Sasa hapa ndipo nilipokosea, na nalieleza kama lilivyo.

Alhamisi asubuhi nilifunga mlango. Sikuufunga kwa kumkataa. Nilitaka aje, apige hodi, nitoke mimi, tusimame naye barazani, nimwulize habari ya mvi macho kwa macho, kabla hajaingia na kukaa na kuwa mgeni. Mtu akishakaa kwako, ukimhoji unaonekana huna adabu. Akiwa nje, unahoji unavyotaka. Ndiyo hesabu niliyopiga. Nikaweka komeo, nikavuta kiti karibu na mlango, nikakaa na kanga yangu begani kama askari.

Kidoti alikuwa chumbani anavaa.

Nikasikia hatua. Nikaona kivuli chini ya mlango, miguu miwili. Nikasubiri hodi. Kivuli kikasimama. Nikahesabu pumzi zangu, labda kumi, labda ishirini. Kisha kivuli kikageuka taratibu, kikaondoka.

Nikafungua. Nikakuta mgongo wake, umeshafika kwenye duka la mikate, mikono mitupu inaning'inia. Nikaita, "Fundi!" Hakugeuka.

Kidoti akatoka chumbani, amevaa gauni la bluu alilolishona kwa wiki tatu. Akaangalia mlango, akaangalia komeo mkononi mwangu.

"Mama. Ulikuwa umefunga?"

"Nilitaka apige hodi nimtokee nje, nimwulize—"

"Mama, hawapigi hodi!" Hakupiga kelele. Afadhali angepiga. "Hawapigi hodi, tangu siku ya kwanza unajua. Mlango wazi ni karibu. Mlango uliofungwa ni hapana. Kwao ndilo jibu lenyewe, hakuna lingine."

"Si angeita tu!"

"Ungemwambia mtu hapana, ungependa aite?"

Akavaa viatu akamfuata. Alirudi baada ya nusu saa, hakuwa na machozi. Alikaa mezani, akachukua mkasi wa nyuzi.

"Amesemaje?" nikamwuliza.

"Amesema umejibu. Amesema hana kinyongo. Nikamwambia ulikosea, akasema mlango haukosei, anayekosea ni mtu, basi mtu mwenyewe aseme. Nikamwambia njoo hivyohivyo, mimi nimekubali. Akasema hawezi kunichukua bila ridhaa ya mama yangu." Akakata uzi. "Tukasimama. Akanitazama kama kawaida yake. Halafu nikarudi."

"Nitamwelezea—"

"Ukimwona utamwambia nini? Kwamba unaogopa nywele?"

Siku zilizofuata tulishona. Hakuninunia, aliniitikia kila neno, alinipikia chai, alinikumbusha dawa yangu ya presha. Lakini mzaha wake ulikuwa umetoka nyumbani, na sikujua nyumba yetu ilikuwa imeshikiliwa na mzaha huo. Cherehani haikuharibika hata mara moja. Ilishona wiki mbili mfululizo bila kuruka uzi, na mlio wake ulinichosha kuliko kelele yoyote. Nami nilianza kuacha mlango wazi kutwa nzima, vumbi linaingia linakaa juu ya vitambaa vyeupe vya watu. Kila kivuli kikipita naruka.

Kivuli kilichoingia Jumanne ya wiki ya tatu kilikuwa cha bibi mrefu, aliyejifunga kitambaa cha kijivu, masikio yamelala kidogo kwa uzee. Aliingia bila hodi, akavuta kiti, akakaa. Kidoti alikuwa ameenda kupeleka nguo kwa mteja.

"Shikamoo, bibi," nikasema, na safari hii sikuwa na kejeli.

"Marahaba, mwanangu. Umefanya vizuri kuniamkia. Wengine hutazama masikio kwanza." Akazungusha macho chumbani, akaitazama cherehani. "Hii ndiyo iliyomla mjukuu wangu."

Nikajua ni nani. Nikaanza kutafuta maneno ya kuomba radhi, akainua mkono.

"Nimekuja kukushukuru."

"Kunishukuru? Kwa lipi?"

"Kwa kufunga." Akanyoosha kitambaa magotini. "Sikiliza. Binti yako akijaliwa umri mrefu ataishi miaka sitini mingine. Mjukuu wangu atamzika akiwa bado kijana. Na sisi hatuoi mara mbili. Atakaa na kiti kitupu miaka mia mbili, mwanangu. Mimi ndiye niliyemlea, na nilikuwa nikiomba mlango ufungwe. Nikadhani nitaomba sana. Kumbe wewe umefunga siku ya kwanza! Nikasema, huyu mama ana akili kutushinda."

Nilitamani sakafu inimeze. "Bibi, mimi sikufunga kwa akili."

"Ulifunga kwa nini?"

Nikamweleza. Mvi, msusi, mfuko, chai. Nikamaliza kwa sauti ndogo kama mtoto aliyevunja sahani.

"Ni kweli huondoka," akasema.

Nikadakia, "Kumbe kweli!"

"Huondoka kwenda kuaga. Mume akiona mvi ya kwanza ya mkewe asiye Mluvi, anajua muda wao umeanza kuwa mchache. Basi huenda kwa watu wake, nyumba kwa nyumba, anawaaga wote. Anaacha kazi za mbali, anaacha safari, anaacha mikutano ya ukoo. Akitoka huko harudi tena kwetu mpaka mke afe. Siku zote zilizobaki ni za mke. Huchukua mwezi hivi, maana tuko wengi na kila mtu anataka kumpikia."

"Mbona hamsemi?"

"Tuseme nini? 'Naenda kuaga kwa sababu unakaribia kufa'? Ungependa kuambiwa hivyo na mumeo, asubuhi, unachana nywele? Kwetu ni adabu kutokusema."

"Na mume wa mama wa vifungo?"

Bibi akaangalia nje. "Yule ni mtoto wa dada yangu. Alikaa siku thelathini na mbili. Alirudi na nguo zake zote na kitanda cha utoto wake, amekifungua vipande vipande, amekibeba mgongoni, kwa sababu alikuwa anahamia moja kwa moja. Akakuta mlango umefungwa."

"Si angepiga..." Nikaliacha hapohapo.

"Ninyi na hodi zenu," akasema taratibu. "Amepanga chumba nyuma ya duka la mikate. Kila asubuhi hupita pale kwenye kona kuona kama umefunguliwa. Mke hufungua mlango wa duka tu, na nyumbani huingilia mlango wa uani. Ule wa mbele haujafunguka. Huu ni mwaka wa sita."

Lori lilipita nje, vikombe vikatikisika.

"Na wewe mumeo?" akaniuliza.

"Alifariki, bibi. Kidoti akiwa na miaka minne."

"Mlikaa muda gani?"

"Mitano."

"Ungeambiwa mapema kwamba ni mitano tu?"

Nilimkumbuka yule mwanamume wangu, alivyokuwa akivaa soksi moja halafu anatafuta nyingine huku amesimama kwa mguu mmoja, anaimba. Mitano. "Nisingefunga, bibi," nikasema.

Akafumba macho. "Sikutakiwa kukuuliza hilo," akasema. "Nimezeeka, naropoka."

"Aliyefunga hufanyaje?"

"Usiniulize."

"Bibi, nakuomba."

Alinyamaza muda wa Kiluvi, muda ambao mtu wa kwetu angeshapika na kula. Alipofumbua macho yalikuwa na maji. "Huenda kwa miguu yake. Hatumi mtu, hapeleki zawadi. Anasema nilifunga kwa makosa, basi. Lakini hata baada ya hapo, aliyefungiwa hukaa mwaka mzima ndipo arudi kwenye mlango ule. Ni desturi. Mwaka ni mfupi."

"Kwenu," nikasema.

"Kwetu," akakubali. Akainuka akashika fremu ya mlango. "Mwanangu, nilikuja kukushukuru. Sasa naondoka na hasara. Ukimpata mjukuu wangu, angalau umlishe vizuri, huwa anasahau kula."

Nikajifunga kanga, nikatoka. Njiani nikapita kwenye kona. Mama wa vifungo alikuwa anapanga vifungo vya koti kwenye trei, vikubwa huku, vidogo huku. Nikamwambia yote, nimesimama, bila hata kumsalimu. Hakuinua kichwa. Akaendelea kupanga, vidogo vinaingia kwenye vikubwa.

"Siku thelathini na mbili," akasema mwishoni.

"Ndiyo, dada."

"Mimi nilifunga siku ya thelathini. Nilichoka kutazamwa na wapita njia." Akaisukuma trei pembeni. "Sogea kidogo, unanizibia mwanga."

Nikasogea. Nilipogeuka nyuma nilimwona ameingia ndani, nikasikia kitu kizito kinaburutwa nyuma ya ule mlango wa mbele.

Karakana ya fundi ilikuwa chumba kimoja kirefu, cherehani zimepangwa ukutani kama ng'ombe wanasubiri kukamuliwa. Mlango wazi, bila shaka. Niliingia bila hodi, na mdomo uliniwasha, maana neno lilikuwa limeshafika kwenye meno. Alikuwa ameinamia mashine iliyofumuliwa yote, kila kipande juu ya gazeti. Alinyanyuka haraka.

"Mama. Karibu. Kuna nini, Kidoti ni mzima?"

"Mzima. Fundi, nilifunga kwa makosa."

Masikio yake yalisogea.

"Nilisikia habari ya mvi nikaogopa. Nilitaka upige hodi nikuhoji. Nikasahau kwamba hampigi, au labda sikusahau, labda nilitaka ulimwengu wote ufuate mlango wangu. Sasa nimeelezwa. Kosa ni langu, si la binti."

"Ahsante, mama," akasema. "Basi mwakani, siku kama ile, nitakuja."

"Mwakani?"

"Ni desturi. Si muda mrefu."

"Mwanangu," nikamwambia, na ndiyo mara ya kwanza kumwita hivyo, mtu wa miaka sabini na moja, "unayo miaka mingapi ya kukaa naye? Sitini, tukibahatika. Bibi yako kanipigia hesabu. Unataka kutoa mmoja kwa ajili ya komeo langu?"

Alitazama vile vipande kwenye gazeti. Mluvi haachi kazi nusu, kila mtu anajua. Watakuacha unanyeshewa hapo mlangoni mpaka wakaze skrubu ya mwisho. Alichukua bisibisi. Akaikaza skrubu moja. Akachukua ya pili, akaishika, akaiangalia muda. Kisha akairudisha juu ya gazeti, akafunga chupa ya mafuta, akafuta mikono.

"Mkoba niuache?" akaniuliza.

"Uache."

Nilimwambia atangulie, mimi magoti yangu hayana haraka. Lakini alinisubiri, tukatembea pamoja kwa mwendo wangu.

Mlango wetu ulikuwa wazi. Kidoti ameketi kwenye cherehani, anapiga pindo refu la pazia. Alisikia hatua za watu wawili badala ya mmoja, nilijua amesikia, kwa sababu mguu wake ulisita kwenye pedali. Hakuinua uso. Fundi akaingia, akasimama na mikono yake mitupu, hajui aiweke wapi.

"Kaa," Kidoti akamwambia. "Namalizia pindo."

Akakaa. Lilikuwa pazia la mita tatu, na mwanangu alilimaliza lote, taratibu, kile kidoti chini ya jicho kimetulia kabisa, na yule kijana akasubiri.

Kwa mama yeyote ambaye binti yake ametazamwa na Mluvi, mambo ya kuepuka ni haya:

Usichukue uamuzi ukiwa umesukwa nusu.

Usifunge mlango ili upate nafasi ya kufikiri. Uache wazi, useme kwa mdomo wako, "Nipe siku mbili."

Usingoje hodi kwa mtu asiyekuwa na hodi.

Mkwe akiondoka bila kusema, usimsimulie jirani. Hesabu siku, na umwambie binti naye ahesabu, afike hata hamsini.

Usimdharau bibi yao akikataa. Naye ana mtoto.

Usitume mtu kuomba radhi kwa niaba yako.

Usiwaulize watu wote wa mtaa kabla ya kumwuliza binti mwenyewe anataka nini, na akianza kujibu, usimkatishe.